Nikikausha Majaruba, Mpunga Si Utakufa?

"Habari daktari. Mimi ni mkulima wa mpunga hapa Ahero, nina ekari mbili na nusu kwenye skimu ya umwagiliaji. Udongo wetu ni ule mweusi unaopasuka. Msimu uliopita vijana wa mradi fulani walituita chini ya mti wakatuambia maji yanayosimama kwenye mpunga yanatoa gesi inayoharibu hali ya hewa, na kwamba tukikausha shamba mara kwa mara tutaokoa maji na hata kulipwa pesa za kaboni. Walitupa karatasi ya kutia sahihi. Mimi sijatia. Mama mkwe wangu amelima hapa miaka mingi na anasema mpunga ukikosa maji hata siku tatu unarudi nyuma. Jirani naye alijaribu, magugu yakamshinda. Hii gesi ni kweli ama ni maneno ya wazungu? Nikikausha, mavuno hayatashuka? Na hiyo karatasi nitie sahihi?"

Dada, karatasi ikae kabatini kwanza, tutaifikia. Nakuelewa hivi: huogopi kazi wala jambo jipya, unaogopa kucheza na chakula cha nyumba na karo ya watoto kwa sababu ya gesi ambayo hujawahi kuiona. Hofu hiyo ni ya haki, maana mpunga ukiharibika si wale vijana watakaokosa chakula.

Gesi ni kweli, na unaweza kuiona leo jioni. Ingia kwenye jaruba ambalo limekaa na maji wiki tatu bila kukauka, bonyeza tope kwa kisigino pole pole. Utaona mapovu yanapanda kuzunguka mguu. Ndani ya mapovu hayo mna methani. Haina harufu. Ile harufu ya yai bovu inayokuja nayo ni gesi nyingine, lakini zote mbili ni za mama mmoja: udongo uliokosa hewa.

Maji yakifunika udongo, oksijeni iliyokuwamo ndani inaisha baada ya siku chache. Vijidudu vinavyohitaji hewa vinalala au vinakufa, na nafasi yao inachukuliwa na vingine ambavyo haviitaki kabisa. Hivi vya pili hula mabaki ya mizizi, majani yaliyozikwa na samadi mbichi, na mwisho wa kula kwao ni methani. Mimea mingi mizizi yake ikikaa hivyo wiki mbili inaoza. Mpunga hauozi kwa sababu ndani ya bua lake mna njia za kupitisha hewa kutoka juu hadi mizizini. Njia hizo hizo ndizo zinazoitoa methani. Bua la mpunga linafanya kazi ya ile mirija mirefu ya wazee wanaonyonya pombe ya busaa chunguni, ila hapa anayenyonya ni anga. Sehemu kubwa ya gesi hupitia humo, kwa hiyo mapovu uliyoyaona kisiginoni ni kidogo tu ya inayotoka.

Kilo moja ya methani inaongeza joto la dunia takriban mara 28 kuliko kilo moja ya hewa ya ukaa, ukihesabu kwa miaka 100. Lakini haidumu sana angani. Nyingi yake huvunjika ndani ya takriban miaka 12. Ndiyo maana watu wa tabianchi wanaikimbilia: ukiipunguza leo, matokeo yanaonekana mapema.

Sasa hilo la wazungu. Teknolojia hii ya kulowesha na kukausha kwa zamu imekuzwa zaidi kwenye mashamba ya Waasia, hasa Ufilipino, Bangladesh na Vietnam, kupitia kituo cha utafiti wa mpunga cha IRRI kilichoanzishwa Ufilipino mwaka 1960. Zile herufi IR kwenye mbegu ya IR 2793, ambayo Ahero mnaijua vizuri, zinatoka huko huko. Na walioianza hawakuwa wakitafuta kuokoa dunia. Walikuwa wakitafuta kuokoa maji, kwa sababu mito ilikuwa inapungua na dizeli ya pampu inapanda bei. Habari ya gesi ilipata umaarufu baadaye.

Jambo jingine ambalo sidhani vijana walikueleza: usibebe lawama isiyo yako. Mashamba ya mpunga ya dunia nzima hutoa karibu asilimia 8 hadi 10 ya methani inayotokana na shughuli za watu, na karibu yote hiyo inatoka Asia, kwenye mashamba makubwa. Hapa Kenya gesi nyingi ya kilimo inatoka kwa mifugo, si kwa mpunga, na mchele mwingi tunaokula unaletwa kutoka nje, hasa Pakistan na nchi nyingine za Asia. Mkulima wa tambarare za Kano, huko kwenu Ahero, mwenye ekari mbili na nusu hajaharibu hali ya hewa ya mtu. Akipunguza gesi ni vyema, lakini mimi nikiwa wewe sababu yangu ya kwanza ya kukausha ingekuwa maji na afya ya mmea. Gesi ifuate nyuma.

Tuje kwa mama mkwe, ambaye namheshimu. Ana haki kwa nusu. Mpunga si samaki. Ni nyasi iliyojifunza kuvumilia maji, na kuna aina nyingi zinazopandwa nchi kavu kwa mvua tu, kama zile za NERICA. Mpunga wa jarubani ukikaa siku kadhaa bila maji juu ya udongo, huku chini udongo bado umelowa, hauna habari. Mizizi yake inakunywa kutoka chini. Anachokijua mama, na pengine alikiona kwa macho yake mwaka pampu zilipokwama, ni kwamba kuna wiki ambazo kiu haisamehewi. Wiki moja kabla ya kuchanua, wakati wa kuchanua, na wiki moja baada yake, mpunga ukikosa maji masuke yanatoka na punje tupu, na hakuna mbolea ya kuziba pengo hilo. Kwa hiyo sheria ya mama ibaki kwa wiki hizo tatu. Kwa muda uliobaki, ilegezwe.

Ukitaka kumwonyesha badala ya kubishana naye, ng'oa shina moja kwenye jaruba lisilokaushwa kamwe na jingine kwenye kona ya juu ambako maji hupungua. Osha mizizi. Yenye afya huwa na rangi ya kutu, nyekundu ya kahawia, kwa sababu oksijeni imekutana na madini ya chuma pale mzizini. Iliyokaa muda mrefu kwenye tope lisilo na hewa huwa na weusi weusi, na ukiinusa utakumbuka lile yai. Mzizi mweusi haulishi mmea vizuri. Kukausha kidogo kunarudisha hewa, vijidudu vya methani vinapigwa breki, na mzizi unapata nguvu ya kushika udongo, jambo ambalo utalishukuru upepo ukija masuke yakiwa mazito.

Namna ya kufanya ni rahisi ila inataka subira. Tafuta kipande cha bomba la plastiki, urefu sentimita 30, upana kama mkono wako unaweza kuingia. Toboa matundu nusu ya chini. Kizamishe mita moja hivi kutoka kwenye tuta, sentimita 15 ndani na 15 zibaki juu, kisha toa tope lililo ndani ili uone maji. Wakati jaruba lina maji, kiwango ndani ya bomba kinalingana na cha nje. Maji ya juu yakiisha, unaendelea kuona ndani ya bomba yalipofika chini ya udongo. Yakishuka sentimita 15 chini ya uso wa udongo, unafungulia maji mengine mpaka yafike sentimita 5 juu. Hicho ndicho kipimo kinachotajwa kila mahali.

Lakini wewe una udongo mweusi wa Kano, na hapa ndipo ningewakatiza wale vijana kama ningekuwa chini ya ule mti. Udongo wenu ukikauka unajikunja na kupasuka. Nyufa nyembamba kama uzi hazina shida, ndizo dalili kwamba hewa inaingia. Zikifika upana wa kidole, umechelewa: maji ya zamu inayofuata yatazama kwenye nyufa kabla ya kusambaa, utangoja nusu siku jaruba lijae, na maji yote uliyodhani umeokoa yameenda chini pamoja na mbolea. Mizizi nayo inakatika udongo unapojivuta. Kwa hiyo msimu wa kwanza usingoje sentimita 15. Ishia 10, na uangalie nyufa kuliko bomba. Ukiona zinaanza kupanuka, lowesha hata kama bomba linasema bado.

Ukikausha kwa kiasi hicho, mavuno hayashuki kwa namna utakayoiona kwenye gunia. Ukikausha kupita kiasi yanashuka, na si kidogo. Majaribio yaliyokusanywa kutoka nchi nyingi yanaonyesha hasara ya moja ya tano na zaidi. Ukame wa mara kwa mara pia unaupa nafasi ugonjwa wa kuvu uitwao baa ya mpunga (blast), hasa kama umepanda Basmati 370 ambayo haina kinga nayo. Hivyo anayekuambia "kausha tu" bila kukuambia uishie wapi hajakusaidia.

Kuhusu jirani na magugu, nina hakika ya karibu jinsi ilivyokwenda: alianza mapema. Maji yaliyosimama ndiyo kibarua wa kwanza wa palizi. Mbegu nyingi za magugu haziwezi kuota chini yake. Ukiyaondoa maji wiki ya kwanza baada ya kupandikiza, umeyafungulia magugu mlango kabla mpunga haujatanua majani ya kuyafunika. Weka maji wiki mbili kamili, tatu kama shamba lako lina historia ya magugu, palilia, ndipo uanze kukausha. Sababu ya pili inaweza kuwa shamba lisilo sawa. Jaruba lenye kilima upande mmoja na bonde upande mwingine halikauki kwa pamoja. Kilimani magugu yanashangilia huku bondeni maji bado yanafika kifundoni. Kama kuna pesa ya kazi moja tu msimu huu, iwe ya kusawazisha. Bomba bila kusawazisha linakudanganya, kwa sababu linapima pale liliposimama tu.

Mbolea ya kukuzia nayo inabadilisha ratiba. Yuria ikitupwa juu ya maji yaliyosimama, sehemu kubwa inapotea hewani kabla mpunga haujaionja. Afadhali uimwage udongo ukiwa na unyevu bila maji juu, kisha ufungulie maji siku hiyo hiyo iingie chini. Hili nalisisitiza kwa sababu kulowesha na kukausha kuna ubaya wake ambao hausemwi mikutanoni: udongo unaobadilika badilika hutoa gesi nyingine, ya naitrojeni (nitrous oxide), yenye nguvu ya kupasha joto takriban mara 270 kuliko hewa ya ukaa. Ukizidisha yuria na kuiacha kwenye udongo unaokauka, unarudisha kwa mkono wa kushoto sehemu ya ulichookoa kwa wa kulia. Kipimo sahihi cha mbolea kinakulinda mfukoni na angani pia.

Kuna jambo ambalo hukuuliza na pengine ndilo kubwa kuliko yote: majani makavu yanayobaki baada ya kupura. Ukiyazika siku chache kabla ya kufurisha shamba, umewapikia karamu wale vijidudu. Tani tano za majani kwa hekta zikizikwa dakika ya mwisho zinaweza kufikisha gesi karibu mara tatu ya ile ya shamba lisilozikwa kitu. Yale yale yakizikwa zaidi ya mwezi mmoja kabla, udongo ukiwa mkavu, yanaoza kwa hewa na madhara yanapungua sana. Kama ratiba ya trekta haikupi mwezi huo, yatoe. Kano hakukosi mwenye ng'ombe wa kuyachukua wakati wa kiangazi, ingawa ni chakula hafifu na ng'ombe anahitaji kuongezewa majani ya kunde au kitu chenye protini. Mengine yafanye mboji pamoja na samadi, yarudi shambani yakiwa yameiva. Kuyachoma ni rahisi, najua, lakini unachoma naitrojeni uliyoinunua kwa bei ya mbolea, na moshi unaishia kwenye vifua vya watoto.

Tufungue sasa kabati, tuione karatasi ya pesa za kaboni, yaani malipo ya gesi uliyoizuia isitoke. Tupige hesabu ya shamba lako, usiamini mdomo wangu. Ekari mbili na nusu ni karibu hekta moja. Kiwango cha wastani ambacho jopo la kimataifa la tabianchi, IPCC, linatumia kwa shamba lenye maji muda wote ni takriban kilo 1.2 za methani kwa hekta kwa siku. Kwa siku 115 shambani ni karibu kilo 138. Zidisha kwa 28, unapata tani 4 hivi kwa kipimo cha hewa ya ukaa. Kukausha mara kadhaa kwa msimu kunapunguza karibu nusu. Kwa hiyo una tani 2 za kuuza kwa msimu, kabla ya kutoa ile gesi ya naitrojeni. Chukulia tani moja inauzwa dola 10: hizo ni dola 20, kama shilingi 2,600. Kutoka hapo atoe wa kupima, wa kukagua, wa kusajili, na mwenye mradi. Bei inaweza kuwa juu ya hiyo au chini, lakini fanya hesabu kwa bei yoyote utakayoambiwa uone kama kinachobaki kinatosha hata vibarua wa palizi ya siku chache.

Sisemi ni ulaghai. Nasema ni pesa ndogo, na soko lenyewe halijatulia. Mwaka 2024 shirika la Verra, linalosajili miradi hii kimataifa, lilikataa miradi 37 ya mpunga kutoka China baada ya kuikagua upya. Hapa kwetu sheria ya tabianchi ilirekebishwa mwaka 2023, na kanuni za masoko ya kaboni zikafuata mwaka 2024. Zinataka kuwe na mkataba wa maendeleo na jamii, na miradi ya ardhini igawe angalau asilimia 40 ya mapato kwa jamii baada ya gharama. Hilo neno "baada ya gharama" lisome mara mbili. Kabla ya sahihi uliza mradi umesajiliwa na nani, mkataba ni wa miaka mingapi, unafungwa na nini ukiamua kuacha, gharama zinaamuliwa na nani, na msimu mto ukivunja kingo ukashindwa kukausha nani anabeba hasara. Karatasi isiyojibu hayo, au iliyoandikwa lugha ambayo hakuna mtu nyumbani anaielewa, ipeleke kwa wakili au kwa ofisi ya kaunti ya mazingira kabla ya kuishika kalamu.

Kuokoa maji je? Kunawezekana kufika karibu theluthi ya maji ya msimu, lakini nikuambie ukweli wa skimu ya pampu. Ahero maji yanavutwa kutoka Mto Nyando, na wenzenu wa West Kano wanavuta ziwani. Kama ada yenu ni ya ekari na si ya kipimo cha maji, wewe ukikausha peke yako hulipi senti pungufu. Maji uliyoyaacha yanamfikia yule wa mwisho wa mfereji, ambaye kila msimu huachiwa matone. Ni jambo jema, ila si la mfukoni mwako. Faida ya umeme inakuja pale bloku nzima, yaani wakulima wote wa sehemu yenu ya skimu, inapokubaliana na pampu zikapunguza saa za kukimbia. Vilevile ukikausha na zamu yako ya maji iko siku kumi mbele, nyufa zitakuwahi. Kwa hiyo kabla ya kununua bomba, nenda kwenye chama cha watumiaji maji wa bloku yenu ukaulize zamu inazunguka kila baada ya siku ngapi, na kama inaweza kubadilishwa. Zamu isiyoaminika inatosha kukuambia usubiri.

Na mvua ndefu zikija, kama shamba lako liko upande wa chini ambako Nyando hupenda kutembelea, sahau kukausha. Huwezi kukausha jaruba ambalo mfereji wake wa kutolea maji umejaa kuliko lenyewe. Fanya lile la majani makavu na lile la mbolea, hayo hayategemei mto.

Ushauri wangu ni uanze na jaruba moja, lililo karibu na mfereji na lililo sawa. Mengine mama mkwe ayatunze anavyojua. Vuna kila moja peke yake, upime kwa gunia na kwa mizani ileile. Ukikausha punje usiziache juani kwenye lami hadi zivunjike kinuni. Zigeuze, zifike unyevu wa asilimia 14 ndipo uweke ghalani. Mchele unaoota kuvu umeshatoa gesi yake yote na haukumlisha mtu.

Ukitaka mtu wa kukuonyesha kwa mikono, pale Ahero mna kituo cha utafiti wa umwagiliaji, na afisa wa kilimo wa wadi anaweza kuja kuangalia usawa wa shamba. Mwite mapema, kabla ya kupandikiza. Na katikati ya msimu ukiona majani yanakuwa manjano kwa mabaka, au madoa yenye umbo la jicho na katikati ya kijivu, usikimbilie kulaumu kukausha wala kufungulia maji mengi. Huenda ni virusi vya umanjano au baa, na namna ya kushughulikia kila kimoja ni tofauti. Ng'oa shina zima na mizizi yake, lifunge kwenye karatasi yenye unyevu, ulipeleke siku hiyo hiyo.